Dagaa na Kambale, Wapi na Wapi?

Jumamosi moja ya masika, mvua imekatika kidogo, nilikuwa nimekalia ndoo iliyopinduliwa nyuma ya meza ya shangazi pale sokoni Tandika. Shangazi anauza dagaa tangu mimi niko shule ya msingi. Mbele yake kuna viroba vitatu vilivyokunjwa midomo: dagaa wa Kigoma, dagaa wa Mwanza, na dagaa mchele wa kutoka Zanzibar. Pembeni, kwenye ungo, kuna kambale wakavu waliobanikwa wakiwa wamekunjwa duara, kila mmoja anauma mkia wake.

Mjukuu wake yuko kidato cha sita, mchepuo wa PCB (fizikia, kemia na baiolojia), na kwa kuwa baba yake ni binamu yangu, ananiita baba mdogo. Alikuwa na daftari magotini na mchoro asiouelewa wa nasaba ya viumbe: mistari inayogawanyika mara mbilimbili, majina ya Kilatini yamepangwa juu kama kunguru kwenye waya wa umeme. Shuleni wanamfundisha kwa Kiingereza. Nikachana kipande cha boksi la sabuni nikamchorea mti mwingine, wa Kiswahili, kwa kutumia samaki waliokuwa mbele yetu.

Shangazi akachungulia.

"Huyu nani?"

"Dagaa wa Mwanza."

"Na huyu aliyekaa naye tawi moja?"

"Kambale."

Akaacha kuchambua. "Dagaa na kambale, wapi na wapi? Huyu ana magamba, huyu mwili mtelezi kama sabuni. Huyu kidole, huyu mkono mzima. Na huyu wa Kigoma, anayefanana na mwenzake mpaka wateja wananigombeza, umempeleka huko kwa dagaa mchele. Nani kakwambia?"

Nikaanza kusema vitabu vinaeleza hivi na vile. Akanikatiza.

"Ulikuwepo?"

Kijana akacheka. Mimi sikucheka, maana lile swali ndilo lenyewe. Sikuwepo. Hakuna aliyekuwepo. Samaki waliozaa koo hizi waliishi mamilioni mengi ya miaka kabla hajatokea mtu wa kuwaandikia cheti cha kuzaliwa. Mti wa nasaba ya viumbe, ule tunaoupiga plasta ukutani darasani kana kwamba ni ramani ya mkoa, ni jibu la mtu ambaye hakuwepo. Naona tunawakosea wanafunzi tunapowapa mti bila kuwaambia hilo.

Mwaka 1837 Charles Darwin, akiwa bado hajafika miaka thelathini, alichora kwenye daftari lake dogo mti wa matawi machache yaliyopinda. Juu ya mchoro aliandika maneno mawili ya Kiingereza ambayo kwa Kiswahili ni neno moja: "Nadhani." Kitabu chake kikubwa, kile cha asili ya spishi, kilipotoka mwaka 1859 kilikuwa na mchoro mmoja tu, nao ulikuwa wa matawi. Lakini mimi naupenda ule wa daftarini kuliko wa kitabuni, kwa sababu ya lile neno. Mti wote umening'inia kwenye "nadhani".

Watafiti wetu wana jina zuri la jambo hili: nadharia tete. Tete ni kitu kichanga, ambacho bado hakijakomaa; magazeti nayo yanatuambia hali ya mgonjwa ni tete. Nadharia tete ni dai ulilolitoa hadharani ukijua kwamba kesho anaweza kuja mtu na ushahidi akalivunja. Haina maana kwamba umeota usiku. Mti wa nasaba ni dai la namna hiyo lililochorwa kwa mistari badala ya kuandikwa kwa maneno.

Lakini kabla ya kubishana na dai, sharti ulisome sawasawa, na hapa ndipo wengi tunapoteleza. Kijana alikuwa anasoma majina ya juu kwa kuangalia nani kakaa karibu na nani. Nikamwambia asahau viti, aangalie safari.

Chukua abiria watatu wanaoondoka kituo cha Magufuli pale Mbezi asubuhi. Mmoja anakwenda Tanga kwa kupitia Chalinze, wa pili Mbeya, wa tatu Mwanza. Wote wako barabara moja mpaka Chalinze. Hapo wa Tanga anakata kulia kuelekea Segera. Wa Mbeya na wa Mwanza wanaendelea pamoja mpaka Msamvu, Morogoro, ndipo wanaachana: mmoja anashika njia ya Iringa, mwingine ya Dodoma. Sasa niambie, wa Mwanza yuko karibu zaidi na nani? Usiangalie ramani kuona Mbeya iko umbali gani na Mwanza. Uliza waliachana wapi. Wa Mwanza na wa Mbeya waliachana Msamvu. Wa Tanga aliwaacha mapema zaidi. Basi hao wawili ni ndugu wa karibu, hata kama mmoja ameishia kwenye ziwa na mwingine kwenye milima ya baridi.

Mti unasomwa hivyohivyo, kwenye njia panda. Kila panda ni dai kwamba hapa paliishi ukoo mmoja ukagawanyika. Ukiligeuza tawi, wa kushoto akaenda kulia, hujabadilisha chochote, kama ambavyo abiria wakibadilishana siti Msamvu haihami. Na hakuna abiria aliye babu wa mwenzake. Wote wamefika leo. Ndiyo maana nakereka nikisikia silikanti, yule samaki ambaye wavuvi wa Tanga wamekuwa wakimnasa, anaitwa babu yetu. Silikanti ni wa leo kama wewe. Jenomu yake, yaani DNA yake nzima, iliposomwa yote na kuchapishwa mwaka 2013, ilionekana kwamba samaki aliye karibu zaidi na sisi wenye miguu minne ni yule mwenye mapafu, ambaye watu wa Ziwa Victoria wanamwita kamongo. Yaani ukikaa mezani Mwanza na kamongo kwenye sahani moja, sato kwenye sahani nyingine, yule kamongo ni ndugu yako wewe kuliko alivyo ndugu wa sato. Kijana alikataa kuamini. Nilimwambia hesabu njia panda, siyo mapezi.

Turudi kwa shangazi, ambaye bado alikuwa ananisubiri na "nani kakwambia" yake.

Nilimjibu kwa mfano wa mtihani. Wanafunzi watano wamepata swali la tatu sawasawa. Je, wamedesa? Huwezi kujua, jibu sahihi kila aliyesoma analo. Lakini wawili kati yao wakiandika mji mkuu wa Tanzania ni "Dodomma", kwa m mbili, tena wote kwenye mstari uleule, mwalimu hahitaji kuwa nabii. Kosa lisilo la kawaida, likionekana mahali pawili, linanong'ona kwamba limetoka mahali pamoja. Huo ndio uti wa mgongo wa kazi hii, na aliyeunyoosha vizuri alikuwa Mjerumani mtaalamu wa wadudu, Willi Hennig, katika kitabu alichokitoa mwaka 1950. Alisema, kwa ufupi wangu mimi: usihesabu kila mfanano. Hesabu sifa mpya walizorithi pamoja. Kuwa na mapezi hakuthibitishi kitu kati ya dagaa na kambale, kwa sababu kila samaki hapo sokoni anayo. Ni jibu sahihi ambalo kila mtu anajua.

Sasa lipo "kosa la Dodomma" la kambale na dagaa wa Mwanza. Liko ndani, nyuma ya fuvu. Wote wawili wana mnyororo wa vifupa vidogo, vilivyotokana na pingili za mwanzo za uti wa mgongo, vinavyounganisha kibofu cha hewa na sikio la ndani. Sauti inatikisa hewa kwenye kibofu, vifupa vinapokea, sikio linasikia. Ernst Heinrich Weber alivieleza mwaka 1820, na mpaka leo vinaitwa kwa jina lake. Dagaa wa Kigoma hana. Na si kwamba yeye ni kiziwi: katika ukoo wake kibofu chenyewe kimetoa mirija myembamba inayopanda mpaka ndani ya fuvu. Kazi ni ileile, fundi tofauti. Ukiwa mvivu ukaandika kwenye jedwali lako "kibofu kimeunganishwa na sikio: ndiyo, ndiyo, ndiyo", umekwisha, umelinganisha simu ya waya na simu ya mkononi kwa kuwa zote zinasema haloo.

Hapa lazima nikiri. Nilipokuwa chuoni, kwenye mtihani wa vitendo, tuliwekewa sinia la samaki waliohifadhiwa kwenye dawa tukaambiwa tuwapange kwa nasaba. Mimi, mtoto wa kiroba cha dagaa, nikawakusanya wadogo wote weupe nikawaweka tawi moja, kambale nikamtupa peke yake mwisho. Nikatoka nje nikitembea kifua mbele. Alama nilizopata sizisemi hapa. Mwalimu alinirudisha baadaye, akanipa lenzi na sindano, akaniambia nitafute vile vifupa mwenyewe. Ilinichukua karibu alasiri nzima, na nilivivunja kwa samaki wawili kabla sijaviona kwa wa tatu: vimekaa kama punje za mchele zilizokatwa, vimeshikana kwa nyuzi. Sijawahi tena kuamini umbo la samaki.

Na umbo la dagaa lina sababu yake. Dagaa wa Kigoma na dagaa wa Mwanza wote ni samaki wa maji ya wazi ziwani, wanaokula vijidudu vinavyoelea, na wavuvi wanawafuata usiku kwa taa, zamani karabai, siku hizi za betri na sola. Anayeishi hivyo anafaa awe mdogo, mwembamba, mwenye kung'aa kama maji. Ni sare ya kazi. Ukikuta watu wawili wamevaa viakisi mwanga vya rangi ya chungwa kwenye kijiwe cha bodaboda, husemi mama yao ni mmoja.

Wa Mwanza, ambaye wanasayansi wanamwita Rastrineobola argentea, ni wa jamaa ya karpu. Wa Kigoma ni spishi mbili hasa, Stolothrissa tanganicae na Limnothrissa miodon, na wote ni wa jamaa ya sadini wa baharini. Shina lao linaonekana kuingia kwenye maji baridi ya Afrika kutoka baharini upande wa magharibi, zama za kale sana. Kwa hiyo yule aliyekaa kwenye ziwa lililo katikati ya bara, zaidi ya kilomita elfu moja kutoka soko la Feri, ni ndugu wa samaki wa chumvi. Na dagaa mchele wetu wa Zanzibar, ambao wengi wao ni wa jamaa ya anchovi, wanaungana na wa Kigoma kabla hawajafika kwa wa Mwanza. Jina "dagaa" limeshonwa na wauzaji na wapishi kwa ukubwa na jua. Ni jina halali kabisa la sokoni. Ila halijui njia panda.

"Kwa hiyo vifupa viwili vitatu ndiyo vimekushinda," shangazi akasema.

Si viwili vitatu tu, lakini swali lake ni la haki. Inawezekana vile vifupa vilitokea mara mbili, kwa kambale kivyake na kwa dagaa wa Mwanza kivyake? Inawezekana. Hakuna sheria inayokataza, kama ambavyo wanafunzi wawili wanaweza kukosea "Dodomma" kila mmoja kwa akili yake. Ndipo inapoingia kanuni ambayo mimi huiita ya ubahili. Unaweka miti miwili mezani. Wa kwanza ni wa shangazi: dagaa wote pamoja, kambale nje. Ukiukubali, unalazimika kusema vifupa vilitokea mara mbili, au vilitokea mara moja vikapotea kwa wengine, na kila sifa ya ndani inayoshirikiwa na kambale nayo uitafutie kisingizio chake. Mti wa pili, kambale na dagaa wa Mwanza pamoja, unakudai kitu kimoja: ukubali kwamba umbo dogo lenye kung'aa lilitokea zaidi ya mara moja. Bahili anachagua mti wenye deni dogo. Na bahili anaweza kukosea, kama mabahili wote. Kuna koo ambazo mabadiliko yamekwenda mbio kiasi kwamba ubahili unapotosha, na ndiyo maana wataalamu leo wanatumia pia hesabu za uwezekano badala ya kuhesabu deni tu.

Katika hili la samaki, DNA nayo imesomwa, herufi kwa herufi, na imekubaliana na vifupa. Ningekuwa na wasiwasi zaidi kama ushahidi ungekuwa wa aina moja.

Kijana akauliza kwa nini wasichore miti yote inayowezekana wakalinganisha. Swali zuri, mpaka ufanye hesabu. Kwa spishi tatu kuna miti mitatu tu yenye shina. Kwa nne, 15. Kwa tano, 105. Nikamwambia akokotoe kwa kumi, akatoa simu, akazidisha 1 kwa 3 kwa 5 mpaka 17, akaniangalia kama nimemwekea mtego: 34,459,425. Samaki kumi tu, ambao hawajazi hata kiganja! Kwa hiyo kompyuta haichori miti yote. Inatafuta kwa akili, inapanda pale inapoona panapanda, na inaweza kuishia kwenye kilima kidogo ikadhani imefika Kibo.

Kwa sababu hiyo miti iliyochorwa kwa uaminifu ina tarakimu ndogo kando ya kila panda. Moja ya njia za kuzipata ni ile ya Joseph Felsenstein ya mwaka 1985: unauchukua ushahidi wako, unauchota upya kwa kubahatisha mara mia au mara elfu, vipande vingine vikijirudia, vingine vikiachwa, na kila mara unajenga mti upya. Panda inayorudi mara 98 katika 100 imesimama imara kwenye ushahidi ulionao. Inayorudi mara 55 inatikisika. Vitabu vya shule huzifuta tarakimu hizo ili mchoro upendeze. Mimi naona ni sawa na kumfutia mchuuzi mizani.

Kuna mahali ambapo hata panda zilizo safi haziwezi kusema yote, na mfano wake bora tunao hapa nchini. Wawindaji wa Rungwe walikuwa wakimtaja tumbili mmoja mwenye aibu, anayeishi juu mitini, wanamwita kipunji. Watafiti walimwona mwaka 2003, na timu nyingine, bila kujuana nao, ikamwona kwenye msitu wa Ndundulu huko Udzungwa. Mwaka 2005 alitangazwa rasmi kuwa spishi mpya, kwa kutegemea picha, maana hakuna aliyekuwa na mwili wake mkononi. Kwa sura na kwa tabia ya kukaa mitini alipewa tawi la mangabe, tumbili wa aina nyingine, katika jenasi (kundi la spishi za karibu) ya Lophocebus.

Mwaka huohuo mkulima mmoja akanasa kipunji mchanga kwenye mtego shambani kwake, naye akafa. Mwili ukafika kwa wataalamu. DNA ikasema: huyu hayuko na mangabe hao, yuko karibu zaidi na nyani, wale wa kubweka barabarani Mikumi. Mwaka 2006 akahamishwa, akapewa jenasi yake mwenyewe, Rungwecebus, jenasi mpya ya kwanza ya tumbili wa Afrika aliye hai katika miaka 83. Mti wa mwaka mmoja nyuma ukawa karatasi ya kufungia karanga. Nakumbuka nilivyofurahi nilipoisoma habari hiyo, furaha ya ajabu kidogo, kama ya mtu aliyeona mwamuzi anakubali kwamba alikosea penalti.

Na bado haikuishia hapo. Walipochunguza DNA ya mitokondria, ile anayorithishwa mtoto na mama peke yake, ya kipunji wa Rungwe ilikaa katikati ya nyani wenyewe, kana kwamba kipunji ni nyani tu. Ya wale wa Ndundulu haikukaa hivyo. Maelezo yanayoshika vizuri zaidi ni kwamba zamani, huko nyanda za juu kusini, kipunji dume alizaa na nyani jike, na ile alama ya ukoo wa mama ikabaki kwa wa Rungwe. Unakumbuka abiria wetu walioachana Msamvu? Kuna barabara inayotoka Dodoma kupitia Mtera mpaka Iringa. Wanaweza kukutana tena. Mti uliochorwa kwa panda peke yake hauna Mtera, na ukimlazimisha kipunji akae kwenye tawi moja, jeni moja litakwambia hivi na jingine vile, na yote mawili yatakuwa yanasema kweli.

Wakati mwingine uaminifu wenyewe ni kuacha panda iwe na matawi matatu. Tembo, nguva na pimbi ni ndugu. Hilo limekaa, na ndugu zao wa mbali kidogo ni pamoja na sengi, yule mnyama mdogo mwenye pua kama mkonga anayekimbia kwenye majani makavu ya msitu wa Pugu, hapa nyuma ya jiji, ambaye kila anayemwona kwa mara ya kwanza anasema ni panya. Kundi lao lilipewa jina la Afrotheria mwaka 1998. Lakini kati ya wale watatu, nani alitangulia kuachana na wenzake? Waliachana kwa kufuatana haraka mno, na watu wamebishana miaka na miaka. Mchoro unaotoa matawi matatu mahali pamoja umekiri tu, na mimi nauamini zaidi kuliko uliojichagulia.

Haya yote sikumweleza shangazi. Mteja alikuja, akataka kisado cha Kigoma, akaondoka. Nilichomkumbusha ni habari ya mwaka ule mfanyabiashara mmoja alipomletea kiroba cha Kigoma kilichochanganywa na cha Mwanza chini, kwa kuwa cha Mwanza ni rahisi. Hakukuwa na taa ya kutosha, na samaki walikuwa wamekauka mpaka rangi zimefanana. Shangazi alitia mkono mpaka chini, akatoa mmoja, akampitisha ukucha tumboni kutoka mkiani kwenda kichwani, akamwambia yule mtu achukue mzigo wake.

"Ulijuaje?" nikamuuliza sasa.

"Wa Kigoma tumbo linakwaruza. La wa Mwanza linateleza."

"Ulikuwepo walipovuliwa?"

Akaniangalia kwa jicho la pembeni. Nikamweleza kwamba ule mkwaruzo ni safu ya vigamba vigumu vilivyochongoka, chini ya tumbo, na kwamba ni moja ya alama za ukoo wa sadini na anchovi. Akanyoosha mkono kwenye kiroba cha Zanzibar, akachukua dagaa mchele mmoja, akampitisha ukucha taratibu. Akarudia mbele kidogo, karibu na koo. Akachukua wa Kigoma. Akarudi kwa wa Zanzibar.

"Vipo," akasema. "Vichache, lakini vipo."

Kisha akavuta lile boksi, akaliweka kwenye paja, akauliza kila mstari unaishia kwa nani. Kwenye panda ya Kigoma na Zanzibar aliweka kidole. "Hapa sibishi." Kidole kikahamia kwa Mwanza na kambale. "Hapa bado. Hivyo vifupa vyako sijaviona. Hebu weka alama ya kuuliza."

Kijana akachukua kalamu akaweka, kubwa, kando ya panda. Akaitazama, halafu akaniuliza kwa sauti ya chini kama kwenye mtihani wa taifa inaruhusiwa kuchora mti wenye alama ya kuuliza.

Nikamwambia pale aiache. Nilisema huku nikitazama kambale.